Damu iliyochekesha ukumbi mzima

Swali hili limetoka kwa mwalimu wa drama katika shule moja ya upili, kaunti ya Vihiga. Nimelifupisha:

“Mchezo wetu ni wa ndugu wawili wanaogombania shamba la marehemu baba yao. Mwishoni kaka mkubwa anamkata mdogo wake panga la bega, akiwa ndio ametoka shule na sare yake, naye anafia kwenye mapaja ya mama. Muhula uliopita tulitumia tomato sosi iliyochanganywa na sharubati nyekundu. Ukumbi mzima ulicheka. Jaji mmoja alituambia kwamba tumemuua kijana kwa chakula cha mchana. Shati lina doa la waridi hadi leo. Sasa mwalimu mkuu anasema tuchukue damu ya mbuzi kwa bucha tumalize maneno. Nifanyeje nipate damu ya kuaminika, kwa pesa za shule, isiyoharibu nguo?”

Mwalimu, tumalizane kwanza na habari ya bucha, maana ndiyo yenye hatari. Mwambie mwalimu mkuu, kwa heshima zote, kwamba damu ya mbuzi haipandi jukwaani. Kimeta, brusela, homa ya Bonde la Ufa: magonjwa haya hutoka kwa mnyama yakamwingia binadamu kupitia damu, na mlango wake ni mkwaruzo mdogo tu wa ngozi, au jicho, au mdomo. Kijana wako atapakwa begani, itamrukia usoni, na msichana anayecheza mama ana kidonda cha jembe kidoleni. Hata hayo ukiyaweka kando, damu ya mbuzi haina subira. Ukiikinga alfajiri, dakika chache baadaye imeganda, imekuwa kitu cha kukatwa kwa kisu, na harufu yake itawafikia majaji kabla ya mwigizaji wa kwanza. Inasemekana waigizaji wenzetu wa London waliwahi kutumia damu ya mnyama. Kuna karatasi ya nyuma ya pazia iliyobaki kutoka mwishoni mwa karne ya 16, na kati ya vifaa vya onyesho moja imeandikwa chupa tatu za damu pamoja na moyo, maini na mapafu ya kondoo. Lakini wale hawakujua habari za bakteria, wala hawakuwa na wazazi wa kuwajibu.

Sasa kile kicheko. Usiwalaumu watazamaji. Mtu wa Vihiga amechinja. Amekanyaga bawa la jogoo huku ameshika kisu, Krismasi ameshika miguu ya mbuzi, na ameona pikipiki ikiwa imelala njia panda ya Chavakali na watu wamezunguka. Damu anaijua rangi, anaijua harufu, anaujua mwendo wake, hata kama hajawahi kuieleza kwa maneno. Ukimletea sosi ya chipsi, atacheka kwa haki yake.

Kitu anachokijua bila kukieleza ni hiki: damu haipitishi mwanga. Imejaa chembe nyekundu, kwa hiyo hata tone jembamba linaficha kilicho chini yake. Sharubati ni maji yaliyotiwa rangi. Mwanga unapita, unagonga shati jeupe, unarudi ukiwa waridi. Tomato sosi yenyewe inaficha, sikatai, lakini rangi yake inaelekea machungwa, na haina mwendo. Inakaa ilipotupwa kama tope la ukutani. Damu ina mnato wa mara tatu au nne ya maji, basi, si zaidi. Inateremka, inatafuta njia, inafika kwenye kiwiko, inasita, inakusanya tone, tone linaanguka.

Kosa la tatu hukuliandika lakini nina hakika mlilifanya: damu ilionekana kabla ya panga kufika. Kijana alikuwa ameifumbata mkononi tangu aingie, na watu wa viti vya mbele waliiona ikichuruzika kati ya vidole vyake akiwa bado anamsalimia mama. Wewe mwenyewe umewahi kujikata ukikatakata sukuma wiki. Kumbuka ilivyokuwa. Kisu kinapita, unatazama kidole, unaona mstari tu, tena mweupeupe. Unajiambia, afadhali, sijakatika. Ndipo damu inakuja. Ule muda mfupi kati ya mstari na damu ndio ukumbi unaposhika pumzi, na ukiuharibu, hakuna rangi itakayokuokoa. Kwa hiyo nitakupa mapishi, lakini nusu ya pili ya jibu hili, inayohusu damu inatoka wapi na saa ngapi, ndiyo ningependa uisome mara mbili.

Mapishi basi. Utahitaji sukari, limau moja, rangi nyekundu ya chakula, rangi ya buluu ya chakula (chupa moja ndogo itakutosha hadi ustaafu), kakao chungu isiyotiwa sukari, na wanga wa mahindi. Wanga si unga wa ugali. Ni ule unga mweupe laini wa kukazia supu, unaolia ukiubinya kati ya vidole. Rangi iwe ya keki, iliyoandikwa kwamba ni ya chakula. Sokoni utauziwa unga mwekundu wa bei rahisi wa kutia kamba na vikapu, unaong'aa kweli kweli. Huo acha uende kwenye vikapu.

Bandika vikombe viwili vya sukari na kikombe kimoja cha maji kwenye moto mdogo, tia kijiko kidogo cha maji ya limau, koroga hadi sukari iyeyuke, acha ichemke dakika tano. Limau ni la kuzuia sukari isirudi kuwa chenga shira ikipoa. Koroga kijiko kikubwa kimoja cha wanga katika robo kikombe ya maji baridi, umimine humo kidogo kidogo huku ukikoroga, hadi ule weupe upotee na shira ifanane na uji mwepesi wa mgonjwa. Ipua. Kando, kwenye kikombe, changanya kijiko kikubwa cha kakao na maji moto kidogo mpaka iwe rojo, ndipo uitie. Ukiimwaga ikiwa kavu itaelea vidonge vidonge, na damu yenye vidonge ni ya hospitali, si ya panga. Sasa rangi nyekundu, kijiko kikubwa kimoja, koroga, tazama, ongeza nusu nyingine ukiona bado.

Hapo utakuwa na kitu chekundu kizuri, na utadhani umemaliza. Chukua njiti ya kiberiti, ichovye kwenye rangi ya buluu, kisha ichovye kwenye sufuria. Ndiyo, kiasi hicho hicho. Koroga utazame. Uwaridi unajiondoa, na sufuria inakuwa na kitu ambacho ukiingia jikoni bila taarifa utaita jirani. Njiti ya pili inaweza kufaa; ya tatu mara nyingi inakupeleka kwenye zambarau, na kutoka huko ni kazi.

Mapishi hayo yanatoa zaidi kidogo ya nusu lita. Kabla hujayaamini, paka kidogo juu ya ukurasa wa gazeti. Ukiweza kusoma herufi chini yake, ongeza kakao. Kisha teremsha mkono wako, weka kijiko kidogo chini tu ya kiwiko, uhesabu polepole. Ikifika kifundoni kabla ya mbili, hayo ni maji. Ukifika tano na bado iko njiani, ongeza maji ya moto, kijiko kimoja kimoja. Rangi watu huijaribu kwa macho, lakini mwendo ujaribu kwenye ngozi, kwa sababu ngozi ina vinyweleo na joto, na sahani haina.

Wasomaji wa Awendo na Kibos, kwenye viwanda vya sukari, wataniuliza mbona nisitumie molasi, ile shira nyeusi inayobaki sukari ikitengenezwa, na iko tele. Nimeijaribu. Rangi inapendeza, lakini ukumbi ulinuka kama zizi la ng'ombe wa maziwa, tena ile ya duka la mifugo si ya kumtia mtoto wa mtu mdomoni. Sukari nguru ndiyo yenye faida. Ukiiweka badala ya nusu ya sukari nyeupe, inakupa giza la damu kabla hata hujafungua kakao, na bei yake huijui tu kama hujatembea huko.

Kupikia damu kwenye shira si uvumbuzi wangu. Uingereza, katika miaka ya 1960 na 1970, mfamasia mstaafu aitwaye John Tynegate alikuwa akitengeneza damu ya jukwaani iliyojulikana kama Kensington Gore, jina la mtaa wa London lililogeuzwa kuwa utani, kwa sababu neno hilo la pili kwa Kiingereza ni damu iliyomwagika. Marekani, mpodoaji wa waigizaji wa filamu, Dick Smith, alitumia shira ya mahindi, na kwa kuzuia mwanga usipite akatia oksidi ya zinki pale ambapo mimi na wewe tunatia kakao. Ninamtaja kwa sababu mapishi yake yamezagaa kwenye intaneti, na ndani yake mna dawa ya kuoshea picha za filamu, iliyotiwa ili damu isambae vizuri kwenye ngozi. Dawa hiyo ni sumu ukiimeza. Ukiyakuta mapishi hayo, yasome kwa faida, usiyanyweshe mtu.

Haya, umeshika chupa ya damu nzuri. Itatokaje?

Vitabu vya zamani vya jukwaa vinakwambia uifunge kwenye kifuko chembamba cha nailoni, mwigizaji akipasue. Kwetu Kenya hilo liliisha 28 Agosti 2017, siku mifuko ya plastiki ilipopigwa marufuku, na kwa adhabu inayofika shilingi milioni 4 sidhani bodi ya shule itakusaidia. Wengine hutumia puto. Puto lina tabia mbaya. Ukilijaza kidogo, kijana atalipiga ngumi mara tatu na halipasuki. Ukilijaza sana, linapasuka kwa mlio, na kifo kinageuka sherehe ya kuzaliwa. Kidole kilichokatwa kwenye glavu ya hospitali, kikajazwa vijiko viwili na kufungwa kwa uzi wa fundo la kuvuta, kinafanya kazi vizuri zaidi, kwa kuwa hakipasuliwi, kinafunguliwa. Kuna wanaotumia kondomu. Shuleni usijaribu, maelezo yatakuwa marefu kuliko mchezo.

Ila kwa mchezo wako nakushauri uache vifuko vyote. Una kitu bora: una mama, na mama ana leso.

Nisikilize hapa. Panga liwe la ubao, lipakwe rangi ya fedha, makali yake yawe butu kama rula. Panga la kweli lisionekane hata kwenye mazoezi, hata la kuazima, hata likiwa limeliwa na kutu. Upande unaotazama watu ni safi na unang'aa. Upande wa pili, kando ya makali, umebandika kipande cha sponji ya kuoshea vyombo, chembamba kama kidole cha mtoto, kilicholowekwa damu dakika moja kabla kaka hajaingia. Kaka anasimama ameupa ukumbi mgongo nusu. Hapigi. Panga linashuka, linasimama juu ya bega, na hapo analivuta kuelekea kwake, upande wa sponji ukigusa shati. Likitoka, limeacha mstari mmoja, usiozidi kiganja kwa urefu. Mstari tu, kama ule wa kidole chako kwenye sukuma wiki. Kijana anautazama. Kaka naye anautazama. Mpe kila mmoja pumzi mbili. Asipige kelele bado.

Ndipo mama anaingia mbio, anafungua leso aliyojifunga, anaikandamiza begani kuzuia damu. Na damu inatoka kwenye leso. Ndani ya pindo umeshonea kifuko cha kitambaa, na ndani ya kifuko kuna sponji ya ukubwa wa viberiti viwili iliyoshiba damu. Kadiri mama anavyokandamiza ndivyo damu inavyozidi. Inapita chini ya mkono wa shati, inatokea kwenye kiwiko, inadondoka. Yeye anazidi kuzuia, nayo inazidi kuja. Hakuna mtu ukumbini atakayemshuku, maana macho yote yako kwenye bega na panga. Nimeifanya mbinu hii kwa mhusika muuguzi, kwa polisi, mara moja kwa kondakta wa matatu mwenye taulo shingoni, na haijawahi kuniangusha. Siri ni kwamba damu ibebwe na yule anayejaribu kuizuia.

Najua pia utataka uzi mmoja wa damu kwenye kona ya mdomo. Mapishi niliyokupa yanalika, mradi hujatia sabuni ya aina yoyote, na mradi umemuuliza kijana kama ana ugonjwa wa sukari au kama kuna chakula kinachomdhuru. Unaweza kununua kapsuli tupu kwa duka la dawa, ukajaza, akaificha shavuni. Lakini kapsuli hulainika kwa mate haraka, kwa hiyo ukimpa kabla ya hotuba ndefu ataitema katikati ya hotuba. Njia ya kwetu ni rahisi zaidi. Ndugu mdogo anaomba maji. Dada analeta kikombe cha bati. Ndani ya kikombe hakuna maji, kuna kijiko kimoja cha damu. Anakunywa, anakohoa, damu inatoka. Kikombe cha bati hakionyeshi kilichomo, usiazime gilasi.

Kiasi. Watu huzidisha, na ninajua kwa nini: nusu lita imepikwa, inasikitisha kuibakisha. Mtu mzima ana damu lita 5 hivi mwilini, na anayejitolea hospitali hutolewa karibu nusu lita, akanywa soda, akaenda nyumbani. Kwa hiyo usidhani wingi ndio kifo. Vijiko viwili vikubwa kwenye shati jeupe vinaonekana hadi viti vya nyuma. Jaribu leo kwenye kitambaa kikuukuu, utashtuka. Vijiko vinne ni vya mchezo wako mzima, mdomo ukiwa ndani.

Kuhusu mwanga nitakuwa mfupi kwa sababu tamasha nyingi za shule huchezwa mchana, mapazia ya dirisha yakiwa hayafungiki. Mwanga wa mchana ni mkali na mweupe, hivyo pika damu iwe na giza zaidi kidogo kuliko unavyodhani. Mkibahatika kupata ukumbi wenye taa, mwambie fundi asiweke taa nyekundu kwenye kifo. Kila mtu huwa na wazo hilo, na ni baya. Chini ya taa nyekundu shati jeupe linakuwa jekundu na damu inapotelea humo. Chini ya buluu au kijani damu inakuwa nyeusi kama oili chafu. Wapiga picha wa zamani walilijua hili: katika Psycho, filamu ya 1960 isiyo na rangi, damu ya bafuni ilikuwa shira ya chokoleti, kwa kuwa kwenye kamera ile wekundu haukuwa na maana, kilichohitajika ni giza na mwendo.

Hali ya hewa ndiyo iliyonifundisha adabu. Tulikuwa na mchezo wa mauaji sokoni, nikaupikia damu Kisumu, jioni, jikoni kwangu, madirisha wazi na bado shati limenigandama mgongoni. Iliteremka vizuri ajabu. Nikaijaza kwenye bomba la sindano, lile la plastiki lisilo na sindano, nikaliunganisha na mrija wa dripu uliopita chini ya shati hadi kifuani mwa marehemu mtarajiwa. Siku ya pili asubuhi tulikuwa Nakuru. Kisumu iko mita 1,130 hivi juu ya usawa wa bahari, Nakuru iko mita 1,850 hivi, na asubuhi ile ilikuwa ya makoti. Shira ikipoa inakaza. Marehemu alianguka, akasema neno la mwisho, akafa. Mwenzake akasukuma bomba hadi mikono ikatetemeka. Hakuna kitu. Waombolezaji wakaja, wakaanza wimbo, na katika ubeti wa pili mrija ukafyatuka, damu ikaruka kutoka kwa mtu aliyekufa dakika nne zilizopita, ikampata kiongozi wa waimbaji kidevuni. Hadi leo wananiita daktari. Tangu hapo natembea na damu nzito kidogo na chupa ya maji ya moto kwenye thamosi, na naizimua pale pale ukumbini, nikihesabu kwenye mkono wangu. Mkitoka Vihiga kwenda kucheza Kisumu mtakutana na kinyume chake: itakuwa nyepesi kuliko mlivyoizoea.

Joto la Kisumu lina jambo jingine, sisimizi. Damu ya sukari ikiachwa kwenye kikapu cha maleba usiku mmoja, asubuhi utakuta msafara umetoka ukutani hadi ndani ya mfuko wa shati. Kwa damu ya kupaka kwenye ngozi tu, ambayo haifiki mdomoni, acha shira, tumia gliserini ya duka la dawa pamoja na rangi zile zile na kakao. Haishiki vidole sana na haikauki upesi. Ni ya jeraha unalolipaka mapema nyuma ya pazia na likahitaji kung'aa nusu saa baadaye. Kwa bendeji ya zamani, kinyume chake, hutaki kung'aa: damu ikikauka huwa kahawia, na kahawa nzito yenye tone la nyekundu inatosha.

Shati sasa. Doa lako la waridi lilitokana na wepesi wa ile sharubati. Maji yalitangulia kwenye uzi, yakabeba rangi kidogo, yakachora duara la waridi kuzunguka doa. Damu nzito haina duara hilo. Shati la shule, la pamba iliyochanganywa na polista, hukubali kuoshwa, kwani rangi za chakula hung'ang'ania zaidi sufu, hariri na nailoni. Kwa hiyo tai ya shule aivue kabla hajakatwa. Nyuma ya pazia weka ndoo ya maji baridi. Shati liingie humo papo hapo, kabla ya kupiga picha, kabla ya kukumbatiana. Lisuuzwe hadi maji yawe meupe, ndipo sabuni, ndipo jua. Kwa shati litakalotumika kesho yake tena, chota sehemu ya damu ya panga, ile ya begani, utie vijiko viwili vidogo vya sabuni ya maji ya kuoshea vyombo kwa kila nusu kikombe, ukoroge polepole isipate povu. Inatoka kwa urahisi zaidi. Chupa hiyo ifunge kitambaa shingoni ili isije ikamiminwa kwenye kikombe cha bati. Ngozi nayo ipake vaselini nyembamba kabla, la sivyo kijana ataenda nayo darasani hadi Jumatano. Na ukweli ni kwamba mashati mawili ya mtumba ya soko la Kibuye yatakuondolea presha kuliko ushauri wangu wote wa kufua.

Sakafu ni ya mwisho, na ndiyo watu huisahau. Shira kwenye saruji iliyong'arishwa huteleza kama sabuni, na nyuma yenu kuna shule inayosubiri kuingia na ngoma zao, miguu mitupu. Kwa hiyo mama asikae sakafuni. Aitandike leso ya pili, ile ya jozi yake, kijana aangukie hapo, afie hapo, na wanaume wa kijiji wambebe ndani yake kwa pembe nne. Watu wataona maziko. Wewe utajua ni usafi. Chagua leso yenye ardhi nyeupe au ya njano, maana juu ya nyekundu au ya samawati iliyokolea damu inaonekana kama maji tu.

Fanyeni zoezi moja kamili, lenye damu yote na maleba yote, saa ile ile mtakayocheza, wewe ukiwa umekaa kiti cha nyuma kabisa. Na kile kifuko cha pindo usikishone wewe. Mpe sindano msichana anayecheza mama akishone mwenyewe, aijaribu leso gizani mara kumi, hadi mkono wake ujue sponji imekaa wapi bila kutazama.